Kupanga Bloku Kuendesha Arduino na micro:bit: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali haya tumeyaokota kwenye meza yetu ya Jumamosi hapa Dar es Salaam, ambako vijana (na wazazi wanaodai wamekuja kuwasindikiza tu) huwasha taa, huzungusha mota na kuunguza kitu kimoja au viwili. Yanaanzia pale mtu anapofungua boksi la bodi yake ya kwanza (kibao kidogo cha elektroniki, kama Arduino au micro:bit, kinachofuata programu unayokipa) na kuishia kwenye mambo yanayompata aliyekwisha zoea.

Wengi hufika wakisema programu imegoma. Mara nyingi programu ni nzima, ila waya ndio umelegea. Kwa hiyo usishangae majibu mengi humu yakikupeleka kwenye waya kwanza, hata pale ulipouliza kuhusu bloku.

## Ya mwanzo kabisa

1. Kupanga bloku maana yake nini?

Ni kuandika programu kwa kuunganisha vipande vya rangi kwenye skrini badala ya kuchapa amri. Kila kipande ni amri moja: washa pini 13 (pini ni sehemu ya bodi ya kuunganishia waya), subiri sekunde 1, rudia. Vipande vina meno na mapengo, na visivyoingiliana havishikani. Kwa hiyo lile kosa la kusahau nuktamkato, linalomkatisha tamaa mgeni siku yake ya kwanza, hulipati hapa. Ukimaliza, mpangilio wako hugeuzwa kuwa lugha ya mashine na kupelekwa kwenye bodi, kwa kawaida kupitia waya wa USB.

Njia hii ilienea duniani kupitia Scratch, iliyotolewa na MIT Media Lab ya Marekani mwaka 2007. Mwaka 2012 Google wakatoa Blockly, na bloku nyingi unazoziona leo, zikiwemo za Scratch 3, zimejengwa juu yake.

2. Hii ni programu kweli au ni mchezo wa watoto?

Ni programu kweli. Bodi haijui kama uliburuta au ulichapa. Masharti, marudio, vigeu (majina yanayotunza namba au maneno) na kazi ndogondogo unazozipa jina mwenyewe vyote vimo. Ukitaka ushahidi, MakeCode (moja ya programu za kupangia bloku) ina kitufe cha kugeuza bloku zako kuwa lugha za kuchapa, JavaScript au Python, papo hapo, na mBlock, programu nyingine ya aina hiyo, ikiwa kwenye hali ya kupakia (soma swali la 10) huweza kukuonyesha msimbo wa Arduino uliozaliwa na bloku zako. Tunawashauri vijana wausome huo msimbo mapema, hata kama hawauelewi wote.

Bloku zina mwisho wake, hilo tusilifiche. Programu ikishakuwa ndefu, unaanza kuzunguka skrini kutafuta ulikoweka kitu, kama mtu anayetafuta duka Kariakoo bila kuelekezwa. Ukifika hapo, hamia kwenye maandishi bila kinyongo.

3. Ninunue bodi gani ya kwanza?

Kwa mtoto, au kwa yeyote ambaye hajawahi kushika waya, micro:bit. Ilianzishwa na BBC, na mwaka 2016 takriban bodi milioni moja ziligawiwa bure kwa wanafunzi wa Uingereza. Ina taa 25 ndogo, vitufe viwili, kihisi cha mwendo na redio, vyote tayari kwenye bodi. Unaweza kufanya kazi za wiki nzima bila kuunganisha waya hata mmoja nje ya ule wa USB. Toleo la pili, la mwaka 2020, limeongezewa kipaza sauti na spika.

Arduino Uno inamfaa anayetaka kuunganisha vitu mwenyewe. Ni nafuu zaidi ukinunua zile nakala zake, vipuri vyake vinapatikana kirahisi, na haraka ya kuungua haina. Lakini yenyewe peke yake haina la kukuonyesha zaidi ya kitaa kimoja cha pini 13, kwa hiyo bajeti yako iwe na nyaya, rezista (vipuri vya kupunguza mkondo wa umeme) na bredibodi, ule ubao mweupe wenye matundu.

ESP32 ina Wi-Fi na Bluetooth na nguvu nyingi kuliko hizo mbili. Nzuri sana, ila si ya kuanzia: ina pini zenye masharti yake, na mgeni atazijua kwa kuumia.

4. Na programu ya kupangia bloku je?

micro:bit itumie na MakeCode ya Microsoft. Uno itumie na mBlock. Ukiwa na bodi mchanganyiko, jaribu MicroBlocks: inakubali micro:bit, ESP32 na Raspberry Pi Pico, na ina sifa moja tunayoipenda, kwamba ukibadilisha bloku unaona matokeo hapohapo, na ukichomoa waya bodi inaendelea na kazi yake. Kwa nini hilo ni jambo kubwa, soma swali la 10.

Scratch yenyewe inaweza kuzungumza na micro:bit, lakini kompyuta lazima iwepo muda wote. Inafaa kwa michezo ya skrini, haifai kwa kifaa cha kwenda nacho shambani.

5. Bila bando inawezekana?

Inawezekana. mBlock unaisakinisha kwenye kompyuta mara moja na basi. MakeCode, ukiifungua kwenye kivinjari ukiwa na intaneti, hujihifadhi humo na itafunguka tena hata bila mtandao. Ipo pia ya kusakinisha kwa Windows na Mac. Kinachohitaji intaneti ni viongezi, zile seti za bloku za vifaa vya ziada. Vipakue kabla ya kwenda mahali pasipo na mtandao.

6. Sina kompyuta, nina simu tu.

Kwa micro:bit unaweza. Kuna programu yake ya Android na iPhone inayopeleka kazi yako kwa Bluetooth. Kinachowashinda wengi ni kuoanisha simu na bodi: shikilia A na B pamoja, bonyeza na kuachia kile kitufe cha nyuma, endelea kushikilia A na B mpaka taa zijae kwenye bodi, ndipo uachie. Uno ya kawaida haina Bluetooth, kwa hiyo kwa simu itakusumbua. Azima laptopu.

7. Kuna bloku za Kiswahili?

Scratch ina Kiswahili kwenye orodha yake ya lugha. Kwa bodi, vijana wetu huziacha bloku kwa Kiingereza na kuvipa vigeu majina ya nyumbani: joto, umbali, hesabu, mlango. Programu inasomeka vizuri tu.

## Kompyuta na bodi

8. Kompyuta haiioni bodi.

Badilisha waya. Tunasema hivi kabla ya kuuliza lolote, kwa sababu nyaya nyingi za USB zinazouzwa mtaani ni za chaji tu. Ndani hazina zile nyaya mbili za kupitisha data. Taa ya bodi itawaka, wewe utaamini kila kitu kiko sawa, na kompyuta haitaona chochote. Ukipata waya unaofanya kazi, ufunge utepe mwekundu na usimwazime mtu.

Kama waya ni mzima na bodi ni nakala ya Uno, huenda ina chipu ya CH340, na kompyuta yako inahitaji draiva yake, programu ndogo ya kuitambua chipu hiyo. Sababu ya tatu: programu nyingine imeishikilia ile njia ya USB ya bodi. Usifungue mBlock na Arduino IDE (programu ya kuchapia msimbo wa Arduino) kwa pamoja kwenye bodi moja. Kwa micro:bit, kuunganisha moja kwa moja kutoka kwenye kivinjari kunakubali kwenye Chrome na Edge.

9. Nimeburuta faili kwenye diski ya MICROBIT, likapotea!

Ndivyo inavyotakiwa. Bodi hulila lile faili, hujitenga kidogo na kompyuta, hurudi, na programu inaanza. Usilitafute humo. Lakini kama jina la diski ni MAINTENANCE badala ya MICROBIT, ulichomeka waya huku umebana kitufe cha nyuma. Chomoa, uchomeke tena bila kukigusa.

10. Nikichomoa waya kila kitu kinasimama. Bodi imekufa?

Hapana, umefanya kazi kwenye hali ya moja kwa moja. Hapa kuna njia mbili ambazo watu huzichanganya kila wiki, kwa hiyo tukae kidogo.

Kwenye hali ya moja kwa moja, programu inaendeshwa na kompyuta. Bodi ni kibarua tu: inaambiwa washa, inawasha, inaambiwa soma, inasoma na kurudisha jibu. Kinachoiwezesha kusikiliza ni programu ndogo iliyokwisha wekwa ndani yake. Faida yake ni kwamba unabadilisha namba na kuona matokeo bila kusubiri, na unaweza kumfanya mhusika wa kwenye skrini atembee kwa kuzungusha kidude cha mezani. Ila waya ukitoka, bosi kaondoka, na kibarua anakaa.

Kwenye hali ya kupakia, programu yote inahamia ndani ya bodi. Itabaki humo hata umeme ukikatika, na itaanza yenyewe kila unapoipa betri. Kwenye mBlock utazitofautisha kwa bloku ya juu kabisa: bendera ya kijani ni ya moja kwa moja, ile inayosema Uno inapoanza ni ya kupakia. MakeCode haina utata huu, yenyewe hupakia siku zote.

11. Tangu nipakie, hali ya moja kwa moja inakataa.

Kwa sababu ulichopakia kimeifuta ile programu ndogo ya kusikilizia iliyotajwa kwenye swali la 10. Kwenye mBlock, irudishe kwa kuchagua kusasisha programu ya ndani ya kifaa. Dakika moja, umemaliza.

12. Nimepoteza kazi yangu lakini bodi bado inayo. Naweza kuitoa?

Kwa Uno, zile bloku hazitoki tena. Kilichomo ni lugha ya mashine tupu. Kwa micro:bit una bahati kama lile faili la .hex ulilopakua bado liko kwenye kompyuta: liburute ndani ya MakeCode na bloku zako zitafunguka zote. Basi usiyafute.

## Waya, taa na vihisi

13. Taa haiwaki.

Anza na kitaa cha pini 13 kilicho kwenye Uno yenyewe. Panga bloku tatu za kukiwasha na kukizima. Kikiwaka, bodi na programu ni vizima, na shida iko nje. Kisha: mguu mrefu wa LED (kile kitaa kidogo cha miguu miwili) uelekee kwenye pini, mfupi GND, yaani pini ya hasi ambako umeme hurudia. Namba ya pini kwenye bloku ilingane na ulikochomeka. Watu huhamisha waya kutoka 8 kwenda 9 na kusahau bloku.

Halafu kuna mtego wa bredibodi ndefu. Kijana mmoja wa kidato cha pili alikaa na taa zake za barabarani kuanzia asubuhi mpaka chai. Nyekundu inawaka, njano inawaka, kijani imekataa. Alibadilisha LED tatu, akazivunja bloku zote na kuzipanga upya mara mbili. Tulipoinama kuitazama bredibodi kwa karibu, ule mstari wa rangi unaopita pembeni ulikuwa umekatika katikati, pengo la nusu kidole. Kwenye bredibodi nyingi ndefu, mstari ukikatika hivyo, na umeme umekatika hapohapo. Taa ya kijani ilikuwa upande wa pili, haina GND. Waya mmoja mfupi wa kuruka pengo, ikawaka.

14. Rezista ni lazima? Mbona bila rezista inawaka vizuri zaidi?

Inawaka vizuri ikielekea kaburini. Pini ya Uno hutoa volti 5, LED nyekundu hutumia kama 2, zinabaki 3. Ukiweka rezista ya omu 220, mkondo ni kama miliampia 14, salama kwa wote wawili. Ukiiondoa, LED huvuta kadiri inavyoweza, na pini ya Uno haitakiwi kuzidi miliampia 40 hata kwa bahati mbaya. 20 ndiyo ya kukaa nayo. LED ni rahisi kununua tena, pini ya bodi huipati dukani.

15. Kitufe kinajibonyeza chenyewe, hata nikisogeza mkono tu.

Pini yako inaelea. Kitufe kikiwa wazi, pini haijaunganishwa na kitu, inaokota umeme wa hewani na wa mwili wako, na kusoma 0 na 1 ovyo. Ipe mahali pa kutulia: rezista ya kiloomu 10 kutoka kwenye pini hadi GND, na upande wa pili wa kitufe uende 5V. Kwenye MakeCode kuna bloku ya kuivuta pini juu kwa ndani bila rezista, ila hapo kitufe kiunganishe na GND, na ukumbuke majibu yanageuka: kikibonywa utasoma 0.

16. Sevo inatetemeka, au bodi inajizima sevo ikianza kuzunguka.

Njaa ya umeme. Sevo ni mota inayogeuka hadi pembe unayoitaja. Ile ndogo ya bluu ikibanwa huvuta mamia ya miliampia, na USB ya Uno ina fyuzi ya miliampia 500 kwa vyote. Ipe sevo betri zake, nne za AA zinatosha. Kisha unganisha GND ya betri na GND ya bodi. Sentensi hiyo ndiyo inayosahaulika zaidi kwenye meza yetu: bila GND ya pamoja, ile ishara haina pa kurudia, na sevo itatetemeka vilevile. micro:bit ndiyo kabisa, usiibebeshe mota moja kwa moja.

17. Kihisi cha umbali kinasoma sifuri.

Kile chenye macho mawili, HC-SR04? Angalia kama pini zake za Trig (kutuma sauti) na Echo (kurudisha jibu) zimebadilishana kwenye bloku, na kama kinapata volti 5. Kitu laini kama pazia hunyonya sauti, kwa hiyo jaribu na ukuta. Ukikitumia na ESP32 au micro:bit, Echo yake inarudisha volti 5 kwenye pini iliyozoea kama 3. Ipunguze kwa rezista mbili: kiloomu 1 kutoka Echo hadi pini, kiloomu 2 kutoka pini hiyo hadi GND.

18. Kihisi cha unyevu wa udongo kimeoza baada ya siku chache.

Cha meno mawili ya chuma, ndiyo kawaida yake. Umeme ukipita muda wote kwenye udongo wenye maji, chuma kinalika. Changu cha kwanza nilikiacha kwenye kitalu cha mchicha, nilipokichomoa jino moja lilikuwa kijani na limebaki kama uzi. Kipe umeme kutoka kwenye pini badala ya 5V: washa pini, subiri kidogo, soma, zima, urudi baada ya dakika kumi. Au nunua kile cha bapa kisicho na chuma wazi.

Namba unazosoma hapo ni 0 hadi 1023 kwa Uno na micro:bit, na kwenye ESP32 hufika 4095. Hazina kipimo chochote nyuma yake. Soma udongo mkavu, soma uliomwagiliwa, chagua mpaka wako katikati.

## Ndani ya bloku

19. Taa zikiwa zinawakawaka, kitufe hakisikii.

Bloku ya kusubiri ndiyo inayokuziba masikio. Uno ikiambiwa isubiri sekunde 5, inasubiri kweli. Ukibonyeza kitufe katikati, hakuna anayetazama. Kata kusubiri kuwe vipande vifupi na uangalie kitufe kila kipande, au tumia kigeu kinachokumbuka muda wa mara ya mwisho na ulinganishe na saa ya bodi. Kwenye MakeCode mambo ni mepesi: weka kitufe kwenye bloku yake ya tukio, nayo itasikia wakati nyingine imelala.

20. Sharti langu linafanya kazi mara moja tu.

Umeliweka kwenye bloku ya kuanzia, ambayo hupita mara moja na kwisha. Lihamishie ndani ya bloku ya kurudia milele.

21. micro:bit inaonyesha uso wenye huzuni na namba.

Namba ndiyo maelezo. 020 maana yake kumbukumbu imejaa. Tafuta orodha inayoongezewa vitu bila kupunguzwa. 927 maana yake umetumia bloku za toleo la pili, kwa mfano za kipaza sauti, kwenye bodi ya toleo la kwanza.

22. micro:bit mbili hazisikilizani kwa redio.

Zipe namba moja ya kundi, kati ya 0 na 255. Kisha angalia aina: ukituma namba, upande wa pili upokee kwa bloku ya namba, si ya maneno. Darasani kila meza ichukue kundi lake, la sivyo ujumbe wa jirani utaingia kwako, na watoto wakishagundua hilo hamtafanya kazi nyingine.

## Yasiyo ya kawaida

23. Powerbank inajizima baada ya sekunde chache.

Bodi inakula umeme kidogo mno, powerbank inadhani simu imejaa. Tumia betri za kawaida (mbili za AAA kwa micro:bit), au powerbank yenye hali ya mkondo mdogo.

24. Tangu niweke Bluetooth ya HC-05, Uno inakataa kupakia.

Umeichomeka pini 0 na 1, ambazo ndizo njia ya USB pia. Ichomoe wakati wa kupakia, irudishe baadaye.

25. Rilei inafanya kinyume: nikiwasha inazima.

Rilei ni swichi inayowashwa na ishara ya bodi, na moduli zake nyingi huamka zikipata ishara ya chini. Geuza bloku zako, na kwenye bloku ya kuanzia itume ishara ya juu kwanza, ili isilie «tak» na kuwasha kitu kila bodi inapoamka.

Kama kinachowashwa ni taa ya nyumbani ya volti 230, mezani kwetu hatufanyi, na mtoto asifanye kokote. Bredibodi na nyaya za kuchomeka si za umeme huo. Jaribu na pampu ndogo ya volti 5 au taa ya volti 12 ya betri. Bloku ni zilezile. Siku unayotaka kuifunga ukutani, mwite fundi umeme mwenye leseni, mpe rilei na mchoro wako, na uache azime swichi kuu mwenyewe.